Gunia la Shule

Wilibrodi alirudishiwa gunia lake la mahindi mbele ya watu, na kilichomuuma zaidi ni kwamba lilikuwa limeandikwa. Alikuwa ameliandika mwenyewe kwa rangi nyekundu, herufi kubwa: MWENYEKITI. Nia yake ilikuwa wazazi wengine waige mfano. Sasa gunia lilikuwa limelala ubavu juu ya turubai katika uwanja wa shule, mdomo wazi, nusu ya mahindi yamemwagika, na wazazi wa Malangali walikuwa wamelizunguka kama watu waliokuta ajali barabarani.

Mkewe, Cornelia, alisimama nyuma katikati ya wanawake, kajitanda kitenge mpaka masikioni kwa sababu ya upepo wa Julai. Hakusogea mbele kutazama. Hakuwa na haja.

Tangu shule ifunguliwe watoto walikuwa wanarudi nyumbani mchana bila kula, kwa kuwa stoo ilikuwa tupu na michango ya mahindi ndiyo kwanza ilikuwa inaletwa. Anayesimamia chakula alikuwa Mwalimu Atusaye, mama wa Kinyakyusa aliyehamishiwa Sumbawanga akitokea Tukuyu, akapewa kazi hiyo kwa sababu hakuna mwalimu mwingine aliyeitaka. Alikuwa ametoka semina, na semina ilikuwa imesema kila gunia limwagwe likaguliwe kabla ya kupokelewa. Wazazi walinung'unika. Hapo ndipo Wilibrodi, mwenyekiti wa kamati ya shule, alipopanda juu ya kiti na kutamka, "Basi anzeni na langu."

Wakaanza na lake.

"Mzee, samahani sana," alisema Mwalimu Atusaye, akiwa amechuchumaa na punje kiganjani. "Hili hatuwezi kulipokea. Lina kuvu."

"Hilo ni vumbi."

"Vumbi halioti, mzee. Hebu tazama hapa kwenye kiini. Ukijani huu umeota."

Wilibrodi alitazama. Halafu alitazama watu. Alikuwa mtu wa redio, na redio haikuwahi kumwangusha.

"Penisilini inatoka wapi?" aliuliza.

Mwalimu alijibu, "Inatoka kwenye kuvu."

"Mmesikia!" Wilibrodi aliwageukia wazazi. "Sindano ile ile mnayochomwa hospitali. Inatoka kwenye ukungu. Sasa huko tunachomwa na tunashukuru, hapa ukionekana kwenye hindi tunakimbia."

Wazazi kadhaa waliitikia kwa vichwa. Hoja ilikuwa na uzito.

"Kuvu wako aina nyingi kama watu walivyo wengi," alisema Mwalimu Atusaye bila kupandisha sauti. "Yuko anayetoa dawa, yuko anayeumua mkate, yuko anayechachusha pombe. Na yuko huyu wa kwenye mahindi yaliyokaa na unyevu. Huyu anatoa sumu, inaitwa sumukuvu. Yeye unaweza kumwona, lakini sumu yake huioni. Ukikoboa utaipunguza, hutaimaliza. Ukiuchemsha uji, kuvu anakufa, sumu inabaki. Mtoto anailamba kidogo kidogo, ini linaharibika, anadumaa. Akiila nyingi kwa mara moja, tunamzika."

Mwalimu mkuu alikohoa, akaamua kwamba magunia mengine yaingizwe stoo yakiwa yamefungwa vivyo hivyo, na lisipikwe hata moja mpaka kamati ikae. Wazazi walifurahi kuliko ilivyostahili. Walibeba magunia yao kuyapeleka stoo wakikimbia.

Kalisti hakukimbia. Mwaka uliopita Wilibrodi alikuwa amemrudishia gunia kwa kukuta magunzi chini, na tangu siku hiyo walikuwa wakisalimiana kwa kidevu. Kama Kalisti angecheka ingekuwa nafuu. Badala yake alileta mkokoteni wake, akalipakia gunia mwenyewe taratibu, na maandishi yakatazama juu.

"Nakusaidia tu, Mwenyekiti," alisema. "Jirani ni jirani."

Walipita barabara nzima namna hiyo, Kalisti akisukuma, Wilibrodi akitembea pembeni kama mfiwa, Cornelia nyuma yao.

*

Mahindi yale yalikuwa yamevunwa upande wa bondeni, mvua zilipochelewa kuisha. Cornelia alikuwa ameomba turubai la kuanikia. Wilibrodi aliahidi, lakini kamati ilikuwa na vikao, na turubai lilipofika mahindi yalikuwa yamekaa chini yakiwa yamerundikwa, yana joto kama mtu mwenye homa. Wakati wa kupukuchua Cornelia aliyatenga. Yale mazuri aliyapeta, akayachagua kwenye ungo, akayaweka mbali na ukuta kwa chakula cha nyumbani. Yale mabaya aliyafunga peke yake. Alikuwa na mpango wa kumpa mama mmoja mpika pombe, kwa kuwa pombe haina macho.

Halafu siku ya mchango ikafika. Wilibrodi aliita kutoka nje, "Mama Valerian, gunia la shule lipo tayari?" Naye akaitika, "Lipo." Akalisukuma lile hadi mlangoni. Haikumchukua muda kufikiri. Yeye angesema hakufikiri kabisa. Lilikuwa gunia la shule, basi.

Sasa alikaa kwenye kigoda jikoni akimenya viazi, na Wilibrodi alikuwa anatembea kutoka ukuta hadi ukuta.

"Mwanamke wa kuja kutoka Tukuyu," alisema. "Ananifundisha mimi mahindi. Mimi! Baba yangu alikula mahindi haya haya akafa mzee hana meno."

"Baba Valerian..."

"Umeona uso wa Kalisti? Ananihurumia. Kalisti!"

"Baba Valerian, lile gunia..."

"Lile gunia ni safi," alisema Wilibrodi. "Limetoka ghala moja na chakula tunachokula kila siku. Tumekufa? Kama lile ni bovu, basi na sisi tunakula ubovu. Hebu niambie, tunakula ubovu?"

"Hapana," alijibu Cornelia, na hapo alikuwa anasema kweli.

"Unaona." Wilibrodi alisimama. Uso wake ulianza kupata nuru, na Cornelia, aliyeishi na nuru hiyo tangu usichana wake, aliacha kumenya. "Jumapili. Baada ya misa. Nawaita kamati yote hapa nyumbani, na huyo mwalimu, na Kalisti. Unawapikia ugali wa gunia hilo hilo. Mimi nakula wa kwanza. Halafu tuone nani atazikwa."

*

Kwenye mashine ya kusaga ya Andwele, mfanyabiashara aliyetoka Mbeya akiwa na kinu kimoja na sasa ana viwili, hawakusubiri sana. Andwele alitia mkono guniani, akanusa, akamtazama Wilibrodi, kisha akayasoma maandishi mekundu na kuamua kuwa na adabu.

"Tutakoboa mara mbili, mzee," alisema. "Sembe itatoka nyeupe kama shuka la hospitali. Hakuna atakayejua."

"Atakayejua nini?" aliuliza Wilibrodi.

"Kwamba... siyo ya Mbeya," alisema Andwele.

Ilitoka nyeupe kweli. Cornelia aliushika unga, ukateleza vidoleni, laini, hauna kosa. Andwele alitaka kubaki na pumba kwa kuwa zina wateja wa kuku. Cornelia alikataa. Alizizoa zote mpaka za pembeni, akafunga kwenye kiroba, akazibeba kichwani.

"Pumba za nini zote hizo?" mumewe aliuliza njiani. "Hatuna kuku wa kuzimaliza."

"Nitajua cha kufanya."

Hapo alitaka kumwambia. Barabara ilikuwa tupu, upepo ulikuwa unavuma kutoka milima ya Lyambalyamfipa, na mumewe alikuwa anasukuma mkokoteni huku akipiga mluzi wimbo wa kanisani. Alikuwa hajapiga mluzi tangu siku gunia liliporudishwa. Cornelia alifungua mdomo, akameza upepo, akaufunga. Akajiambia kuna njia nyepesi zaidi. Atapika unga wa mahindi mazuri. Watakula, watashiba, hakuna atakayedhurika, mzee atarudishiwa heshima yake, na ule unga mweupe ataufukia siku yoyote ambayo hayupo. Alipofika nyumbani mpango ulikuwa umeshakamilika. Alishangaa kuuona ulivyo mzuri.

*

Jumapili walikuja wote. Wilibrodi alikuwa amevaa koti. Mtoto wao Valerian, anayefanya kazi kwenye mitumbwi Kirando, alikuwa ametuma migebuka, samaki wakavu wa ziwani, na Cornelia aliwaunga kwa karanga. Kumsaidia kupika alikuja Kristiana, mpishi wa shule, dada mwembamba aliyeachwa na mume, ambaye tangu jungu la shule lizimwe alikuwa hana kazi wala chakula cha kubeba jioni.

"Wangu wawili wako pale pale, darasa la kwanza na la tatu," Kristiana alisema akisonga. "Uji wa shule ndio chai yao na ndio chakula chao. Wiki hii wananiuliza, mama, Mwenyekiti kashinda? Nawaambia ataishinda kesi, msijali."

Cornelia alimimina unga wa mahindi mazuri kwenye maji yanayochemka.

Sebuleni Wilibrodi alinawa wa kwanza, akamega tonge kubwa, akalionyesha kwa kila mtu kama padri, akalila. Watu walisubiri. Alitafuna, akameza, akatulia. Hakufa. Basi wote wakaingiza mikono.

"Ugali mtamu," alisema mjumbe mmoja.

"Una ladha ya zamani," alisema mwingine.

Hata Kalisti alimega mara ya pili, na ya tatu, na mwisho akasema huku akitazama sahani, "Hapa, kwa kweli, Mwenyekiti, sina neno."

Mwalimu Atusaye alikula kidogo, kwa heshima ya mwenye nyumba. "Mtamu, mzee, sikatai," alisema. "Ila nilisema pale uwanjani. Sumu hii haina ladha."

"Mwalimu," alisema Wilibrodi kwa upole wa mshindi, "umekula mwenyewe. Ungekuwa sumu ungekula?"

Watu walicheka. Mwalimu Atusaye aliweka tonge chini. Cornelia, aliyekuwa mlangoni ameshika jagi na beseni la kunawia, aliona shingo ya yule mama ikilowa jasho kwa aibu, pamoja na baridi yote ile iliyokuwa nje.

Uamuzi ulipita upesi. Unga wa Mwenyekiti uende shule kesho asubuhi, jungu liwashwe. Na kwa kuwa gunia lililokataliwa limeonekana zuri, hakuna sababu ya kuyamwaga yale mengine stoo. Yapikwe yalivyo. Mambo ya semina yabaki semina. Waliokuwa na magunia stoo, yaani wote, waliafiki.

Kristiana aliingia kuondoa sahani. Aliposikia, alipiga goti hapo hapo. "Asante, Mwenyekiti. Mungu akubariki. Halafu... samahani, nilitaka kuomba. Kama ningepata unga kidogo wa kuwapelekea wanangu jioni hii. Kidogo tu, ndani ya bakuli."

"Bakuli?" Wilibrodi alinyoosha mkono kama mtu anayegawa mashamba. "Mama Valerian, mpe! Mjazie! Kutoka gunia lile lile!"

Cornelia alichukua bakuli akaenda stoo. Magunia yalikuwa pale mawili, unga mzuri umepungua, unga mweupe umejaa pomoni. Alichota ule mzuri. Bakuli lilijaa, na Kristiana alikuwa amepona. Angeweza kutoka nalo hivyo. Alipiga hatua mbili kuelekea mlangoni, halafu akafikiria kesho asubuhi, jungu kubwa la shule, na Kristiana huyo huyo akikoroga kwa mwiko mrefu, akiwaita wanawe kwa majina waje walambe ukoko.

Alirudi akaumwaga ule unga guniani. Alitoka na bakuli tupu.

"Siyo ule," alisema.

Wilibrodi alicheka. "Siyo ule nini?"

"Mliokula siyo unga wa gunia lile. Nimewapikia wa mahindi ya nyumbani. Ule wa gunia uko ndani, sijaugusa."

Kicheko cha Wilibrodi kilibaki usoni muda mrefu baada ya sauti yake kwisha. "Mama Valerian anatania," aliwaambia wageni. "Ana mzaha sana huyu."

"Sitanii. Gunia lile nililifunga mimi. Nilijua lina ukungu, nililitenga tangu tunapukuchua. Mwenyekiti hakujua, yeye aliamini ni safi. Mwalimu amesema kweli, na sisi tumemcheka."

Nje mbuzi alilia, na kila mtu alionekana kumsikiliza kwa makini.

Ni Mwalimu Atusaye aliyeuliza, na hakuuliza kwa ukali. "Sasa mama, kama ulijua, kwa nini ulilitoa?"

Cornelia alitafuta sababu. Aliitafuta kwa dhati, akiwa bado ameshika bakuli, kwa sababu hata yeye alitaka kuijua.

"Kwa kuwa lilikuwa la shule," alisema.

Hakuna aliyeshangaa. Hilo ndilo Cornelia aliloliona na ambalo lilimtisha kuliko aibu yake mwenyewe. Alizungusha macho katika sebule ile, na kila aliyemtazama aliinamisha uso. Mjumbe aliyesifia ladha ya zamani alikuwa anajifuta vidole ambavyo vilikuwa vikavu. Kalisti alikuwa anachunguza mfupa wa mgebuka.

"Kesho," Kalisti alisema hatimaye, bila kumtazama mtu, "nadhani ingefaa tuyamwage yale ya stoo. Yote. Na langu likiwemo."

Kristiana bado alikuwa amepiga goti. Alimtazama Cornelia, akanyanyuka, akabeba sahani zake kwenda jikoni. Cornelia alipomfuata na bakuli la unga mzuri, Kristiana alilipokea kwa mkono mmoja.

*

Jumatatu yalimwagwa yote. Kazi ilichukua asubuhi nzima, na watu hawakuzungumza sana. Mengine yalikuwa mazuri. Mengine yalikuwa mazuri juu, na kadiri yalivyomwagika ndivyo rangi ilivyobadilika. La Kalisti safari hii halikuwa na magunzi, lilikuwa na kuvu. Wapo waliobeba magunia yao mabovu na kurudi siku hiyo hiyo na mengine. Wapo waliobeba na hawakurudi, na mahindi yale yaliishia wapi Cornelia hakujua, ingawa wapika pombe walikuwa na juma zuri. Jungu liliwashwa siku chache baadaye, uji mwepesi kuliko kawaida, lakini liliwashwa.

Wilibrodi alijiuzulu uenyekiti mbele ya mkutano. Mkutano uliupokea uamuzi huo kwa huzuni, ukaomba jina la mtu mwingine, na hakuna aliyejitokeza. Mwisho mwalimu mkuu akasema basi Mwenyekiti aendelee kwa muda, na muda huo haukutajwa.

Nyumbani hakuongea na mkewe. Alipotaka chakula aliwaambia kuku kwamba watu wengine wana njaa. Alipotaka maji ya kuoga alimwambia mbuzi. Cornelia aliitika kila mbuzi alipoambiwa, akatenga chakula, akapasha maji. Hakuomba msamaha mara ya pili. Mara ya kwanza aliuomba Jumapili ile ile jioni, na kuku walikuwa wameusikia.

Jumamosi moja alimkuta nyuma ya nyumba amevua shati katika baridi, anachimba shimo. Lilikuwa refu kwenda chini kuliko lilivyohitajika. Pembeni alikuwa ameweka unga mweupe na kiroba cha pumba.

"Agnesi, yule mpika pombe, ameuomba," Wilibrodi alisema. Alikuwa anamwambia yeye, siyo mbuzi. "Anasema kwenye pombe haidhuru."

"Ukasemaje?"

"Nimemwambia akamuulize mwalimu." Alimwaga unga shimoni. Ulipanda juu kama moshi, ukamkaa kwenye nyusi. Akamwaga pumba juu yake, kisha majivu, kisha akaanza kurudishia udongo. Alisimama katikati ya kazi, akaegemea jembe.

"Yale tunayokula sisi. Una uhakika ni mazima?"

"Niliyachagua mwenyewe, punje kwa punje."

Wilibrodi alifikiria jibu hilo. Hakuwa na hasira tena usoni, na Cornelia angependa hasira.

"Kwa hiyo kuchagua ulijua," alisema.

"Nilijua."

"Na mimi turubai nililijua." Alitupa udongo. "Uliniomba. Nilikuwa na kikao."

Walimaliza kufukia. Yeye alishindilia kwa miguu, mkewe kwa mgongo wa jembe, mpaka pale mahali pakawa sawa na uwanja mwingine.

Deni la shule lilikuwa bado liko pale pale, kwa maana hawakuwa wametoa gunia lingine. Jioni hiyo, jua likiwa bado halijatua, Cornelia alileta mahindi ya nyumbani uani na kuanza kuyachagua. Lilikuwa gunia lisilo na maandishi. Alipoinua kichwa, mumewe alikuwa anakuja na ungo wa pili, ameushika kama sahani ya mgeni. Alikaa kwenye kigoda kilichokuwa kifupi mno kwa magoti yake. Maisha yake yote hakuwahi kuchagua mahindi, na jirani yeyote angeweza kupita akamwona. Alichota, akainua punje moja mbele ya macho.

"Hii?"

"Tupa."

"Mbona nzuri kabisa?"

"Igeuze."

Aliigeuza, akaitazama kwa muda, akaitupa. Akachota nyingine, na hiyo akaigeuza kabla hajauliza.